Nebula, Galaksi na Hoja ya Muumba

Kwa karne nyingi vitu vitatu vilivyotofautiana kabisa kwa asili, kwa ukubwa na kwa umbali viliwekwa katika fungu moja, kwa sababu jicho la binadamu halikuwa na njia ya kuvitofautisha. Cha kwanza ni fungunyota, yaani kundi la nyota zilizozaliwa pamoja na kushikamanishwa na uvutano, zikiwa makumi kadhaa au hata mamia ya maelfu. Cha pili ni nebula, ambayo ni wingu la gesi na vumbi lililotanda katikati ya nyota. Na cha tatu ni galaksi, ambayo ni mkusanyiko wa mabilioni ya nyota pamoja na mawingu hayo yote, kama ulivyo ule uitwao Njia Nyeupe ambamo Jua letu limo. Vyote vitatu, vikitazamwa bila chombo au kwa darubini dhaifu, huonekana kuwa doa hafifu lenye weupe wa ukungu. Historia ya kuvitenganisha, iliyochukua zaidi ya miaka 300 tangu darubini ilipoelekezwa angani, husimuliwa mara nyingi kama historia ya vioo na vipimo, lakini ina upande mwingine unaostahili kuangaliwa na wanafikra wa dini: karibu katika kila hatua yake alijitokeza mtu, mara nyingi mtu wa imani na wa elimu, aliyelichukua doa hilo kabla halijajulikana ni nini na kulisimamisha kuwa shahidi wa jambo fulani kuhusu Mungu. Swali linalochunguzwa hapa ni iwapo ushahidi wa namna hiyo unafaa, na kama haufai, kasoro yake iko wapi.

Waliotangulia walikuwa na tahadhari zaidi. Abd al-Rahman al-Sufi, mwanafalaki Mwajemi aliyefanya kazi Isfahan, alitaja katika kitabu chake cha nyota, kilichokamilika karibu na mwaka 964, doa la wingu lililo mbele ya mdomo wa Samaki Mkubwa wa Waarabu, katika kundinyota la Mara ambalo Wazungu huliita Andromeda. Hiyo ndiyo habari ya kale zaidi ijulikanayo ya galaksi hiyo iliyo nje ya yetu. Al-Sufi alionyesha mahali pake, akalieleza jinsi lilivyoonekana, akaishia hapo. Wakulima wa Afrika Mashariki waliotazama Kilimia ili wajue majira ya mvua nao walilitumia fungunyota hilo kizazi baada ya kizazi bila kulitaka liwatolee fatwa juu ya asili ya ulimwengu. Mwaka 1610 Galileo Galilei alielekeza darubini yake kwenye Kilimia hichohicho akachora nyota 36 zaidi ya zile sita ambazo macho huziona kwa urahisi, na doa la ukungu katika kundinyota la Saratani akalikuta kuwa ni nyota zaidi ya 40. Kutokana na madoa hayo machache akahitimisha kwamba ukungu wote wa mbinguni, Njia Nyeupe ikiwamo, ni nyota ndogondogo zilizokaribiana. Kwa Njia Nyeupe alikuwa sahihi kwa sehemu kubwa. Kwa mengine alikuwa ameruka hatua, na mruko huo wa kutoka machache hadi yote ungerudiwa na wengi baada yake.

Wa kwanza kuleta dini katika jambo hili kwa uwazi ni Edmond Halley, naye ni mfano wa kushangaza, kwa kuwa katika siku zake alishukiwa na makasisi kuwa hana imani. Mwaka 1716 alichapisha katika jarida la Jumuiya ya Kifalme ya London makala fupi kuhusu nebula sita, akaeleza kwamba zinaonekana kuwa nuru itokayo katika nafasi kubwa mno iliyojaa kitu angavu kinachong'aa chenyewe. Kisha akaongeza kwamba jambo hilo linaondoa pingamizi la wale waliouliza, kuhusu kitabu cha Mwanzo, nuru iliwezaje kuumbwa siku ya kwanza ilhali Jua liliwekwa angani siku ya nne. Leo vitu vyake sita vinajulikana kimoja kimoja. Vinne ni mafungunyota, likiwamo lile kubwa la kundinyota la Kantarusi ambalo yeye mwenyewe aliliorodhesha mwaka 1677 alipokuwa kisiwani St Helena. Cha tano ni galaksi ya Andromeda. Kimoja tu, nebula ya Jabari, ndicho gesi kwa kweli, na hata hicho hung'aa kwa sababu nyota changa zenye joto kali zilizomo ndani yake huichochea gesi kwa mionzi. Nuru isiyohitaji nyota, ambayo Halley alidhani ameiona mara sita, haikuwamo katika orodha yake hata mara moja. Kitabu cha Mwanzo hakikupungukiwa na kitu kwa kuanguka kwa hoja hiyo; aliyepungukiwa ni yule aliyekuwa ameegemeza usomaji wake wa kitabu hicho juu yake.

William Derham, kasisi Mwingereza aliyekuwa ameandika kitabu kizima cha kuthibitisha sifa za Mungu kwa njia ya elimu ya nyota, alikwenda mbali zaidi. Katika makala yake ya mwaka 1733 alipendekeza kwamba huenda nebula ni matundu, yaani nafasi zilizo wazi ambamo mtazamaji huchungulia eneo kubwa la nuru lililoko ng'ambo ya nyota. Fikra hiyo haikuwa yake peke yake, kwa maana Christiaan Huygens wa Uholanzi, alipoichora nebula ya Jabari katika kitabu chake cha mwaka 1659, naye alisema inafanana na uwazi katika anga. Ila kwa msomaji wa dini wa wakati ule, aliyefundishwa kwamba makao ya wateule yako juu ya nyota zote, maneno ya Derham yalimaanisha kwamba darubini inakaribia kufika kwenye kizingiti cha peponi. Ni vigumu kumlaumu kwa kutumaini hivyo. Linaloweza kulaumiwa ni kwamba tumaini hilo lilitegemea udhaifu wa kioo, kwa sababu kila kioo kilipoongezwa nguvu matundu yaligeuka kuwa nyota au moshi.

Imani, hata hivyo, haikufanya kazi ya kupotosha tu. Immanuel Kant, alipokuwa bado kijana asiyejulikana huko Königsberg, alichapisha mwaka 1755 kitabu cha historia ya asili ya mbingu ambamo alitoa hoja kwamba nebula zenye umbo la yai si nyota moja moja zilizovimba, kwani kundi la nyota lililotandazwa kama sahani, kama lilivyo letu, likitazamwa kwa upande kutoka mbali sana lingeonekana hivyohivyo. Hoja hiyo ilikuwa sahihi, na ilitangulia uthibitisho wake kwa miaka 170. Kilichomsukuma Kant kuamini kwamba kuna mifumo mingi kama wetu kilikuwa, kwa sehemu kubwa, theolojia: Mungu asiye na mpaka, alisema, hawezi kudhaniwa kuwa amejifunua katika nafasi yenye mpaka, na kazi ya uumbaji inaendelea kuenea bila kukoma. Katika kitabu hichohicho alieleza jinsi Jua na sayari zingeweza kujengeka kutokana na mavumbi yaliyotawanyika, kwa kanuni za uvutano peke yake, na kwa yule ambaye angeogopa kwamba maelezo hayo yanamwondoa Mungu alijibu kwamba maumbile yanayoweza kujipanga kwa kanuni zake yenyewe yanamshuhudia Mtunga kanuni kwa nguvu zaidi kuliko maumbile yanayohitaji kurekebishwa kila mara. Mchapishaji alifilisika, nakala chache tu zikawafikia wasomaji, na kwa miongo mingi kitabu kilikuwa kama hakikuandikwa.

Charles Messier, aliyefanya kazi Paris na ambaye orodha yake ya mwaka 1781 yenye vitu 103 bado inatumiwa na watazamaji wa anga, hakuwa na falsafa yoyote juu ya madoa hayo. Aliyahesabu kwa kuwa yalimsumbua katika kutafuta nyota mkia, ambazo nazo huonekana kama ukungu, na alitaka kuyajua ili ayaepuke. William Herschel alikuwa mtu wa tabia nyingine. Mwanamuziki huyu mzaliwa wa Hanover, aliyehamia Uingereza na kujifundisha mwenyewe kusugua vioo vya darubini, aliorodhesha pamoja na dada yake Caroline nebula na mafungunyota karibu 2,500 katika muda wa miaka 20 hivi. Mwanzoni aliamini, kama Galileo, kwamba kila nebula ni nyota zisizotenganishika kwa sababu ya umbali. Usiku wa tarehe 13 Novemba 1790 aliona nyota moja iliyozungukwa na duara la ukungu hafifu kwa namna ambayo haikuruhusu shaka kwamba nyota na ukungu ni kitu kimoja, na kwa kuwa ukungu huo haungeweza kuwa nyota za mbali zilizopangika kwa usawa kiasi hicho kuizunguka nyota ya karibu, alikiri kwa maandishi kwamba kuna ung'aavu wa angani usio wa nyota. Mtu aliyekuwa amejenga sifa yake juu ya dhana moja akaiacha kwa ajili ya doa moja: huo ni mfano wa uadilifu wa akili ambao haukufuatwa sana na waliokuja baadaye.

Baada ya Herschel suala likawa na uzito mpya. Pierre-Simon Laplace wa Ufaransa alikuwa ameeleza, katika kitabu chake cha mwaka 1796, jinsi Jua na sayari zilivyoweza kutokana na wingu la gesi lililokuwa likizunguka na kupoa, na nebula za Herschel zikaonekana kuwa mifano hai ya mawingu kama hayo yakiwa katika hatua mbalimbali za kugeuka nyota. William Whewell, kasisi na mwanachuoni wa Cambridge, ndiye aliyelipa fundisho hilo jina la nadharia ya nebula mwaka 1833, naye alisema bila hofu kwamba hata likithibitishwa halimwondoi Muumba. Wengine hawakuwa na utulivu huo. Mwaka 1844 kilitoka London kitabu kisichokuwa na jina la mwandishi, ambacho baadaye kilijulikana kuwa cha Robert Chambers wa Edinburgh, kilichoanza na nebula na kuendelea hadi wanyama na binadamu, vyote vikielezwa kuwa mwendelezo mmoja wa maendeleo chini ya kanuni za maumbile. Kuanzia hapo doa la Jabari likawa na wafuasi na wapinzani. Kama lilikuwa gesi, basi malimwengu yalikuwa yanajiunda yenyewe mbele ya macho ya watu. Kama lilikuwa nyota zilizokamilika, basi, walivyodhani baadhi ya watu wa kanisa, nadharia yote hiyo ingekosa mguu wa kusimamia.

Ni katika hali hiyo ndipo William Parsons, Bwana wa Rosse, alipokamilisha mwaka 1845 huko Parsonstown, Ireland, darubini yenye kioo cha shaba na bati chenye kipenyo cha sentimita 183, kubwa kuliko zote zilizowahi kutengenezwa hadi wakati huo, ambayo haikupitwa hadi mwaka 1917. Thomas Romney Robinson, kasisi na mkuu wa kituo cha falaki cha Armagh, alikuwapo katika majaribio ya kwanza, naye alitangaza kwa furaha kwamba katika madoa waliyoyachunguza hapakuonekana nebula ya kweli hata moja. Mwezi Aprili mwaka huo Rosse aligundua kwamba doa la 51 katika orodha ya Messier lina umbo la mzunguko kama wa maji yaingiayo katika shimo, ugunduzi ambao thamani yake haikupungua hadi leo. Kisha njaa kuu iliyotokana na ugonjwa wa viazi ikaikumba Ireland, na kwa miezi mingi mwenye darubini alikuwa na wapangaji wenye njaa wa kuwahudumia kabla ya nyota. Machi 1846 alimwandikia John Pringle Nichol, profesa wa falaki wa Glasgow na mtetezi mashuhuri wa nadharia ya nebula, kwamba hapakuwa na shaka kubwa tena kuwa nebula ya Jabari inatenganishika kuwa nyota, na Nichol akakubali kwa maandishi kwamba msingi wa hoja yake umeondoka. Mwaka uliofuata William Cranch Bond, akitumia darubini mpya ya Harvard huko Marekani, naye akatangaza kwamba ameitenganisha.

Watazamaji wote watatu, Robinson, Rosse na Bond, walikosea. Nebula ya Jabari ni gesi. Haitenganishiki kuwa nyota kwa darubini yoyote, ingawa zimo nyota nyingi ndani yake zilizoweza kulihadaa jicho lililokuwa tayari kuziona. Jambo la kutafakari ni kwamba hawakuwa wazembe wala walaghai. Walikuwa na vyombo bora kuliko vyote duniani, walikesha katika baridi, wakaona nukta za mwanga mahali ambapo nukta za mwanga zilitarajiwa. Robinson alikuwa na sababu ya kidini ya kuzitarajia, Bond alikuwa na sababu ya kutaka darubini yake ilingane na ile ya Rosse, na macho yao yakatii. Haifuati kwamba dini ndiyo iliyoleta kosa, kwa kuwa Nichol, ambaye matumaini yake yalikuwa upande wa pili, alilikubali kosa hilohilo mara tu alipoambiwa na mwenye kioo kikubwa zaidi. Linalofuata ni jambo jembamba zaidi: mtu akishafanya imani yake au kutokuamini kwake kutegemee kile kitakachoonekana kwenye kioo, hubaki na nafasi ndogo sana ya kukitazama kioo chenyewe.

Whewell, ambaye mwaka 1833 alikuwa ameipokea nadharia ya nebula kwa utulivu, aliingia katika mtego huo kwa mlango mwingine. Mwaka 1853 alichapisha bila jina lake kitabu cha kupinga kuwapo kwa malimwengu mengi yenye wakazi, na chanzo cha wasiwasi wake kilikuwa fundisho la Kikristo la ukombozi: ikiwa kila nebula ni ulimwengu wa mamilioni ya majua yenye sayari na viumbe wenye akili, yatafahamikaje mafundisho kwamba Mwana wa Mungu alifanyika mwanadamu katika dunia hii moja? Ili kuondoa tatizo alijaribu kuonyesha kwamba nebula ni vitu vya karibu visivyo mifumo ya nyota, na hoja yake bora aliipata Afrika. John Herschel, mwana wa William, alikuwa amekaa Rasi ya Tumaini Jema kuanzia 1834 hadi 1838 akiorodhesha anga la kusini, na aliona kwamba katika Mawingu ya Magellan, madoa mawili makubwa ambayo watu wa kusini mwa ikweta huyaona kwa macho, nyota, mafungunyota na nebula vimo pamoja mahali pamoja. Whewell akasema, na hapo mantiki yake haikuwa na dosari, kwamba basi ukungu si dalili ya umbali, kwa kuwa nyota zinazoonekana wazi na nebula zisizotenganishika ziko umbali uleule. Alichoshindwa kukijua ni kwamba Mawingu ya Magellan yenyewe ni galaksi, kubwa kati ya hayo mawili likiwa umbali wa miaka ya nuru 160,000 hivi, mwaka mmoja wa nuru ukiwa ni umbali ambao nuru husafiri kwa mwaka mmoja, unaokaribia kilomita trilioni 9.5. David Brewster, mwanafizikia wa Uskoti na Mkristo wa dhati kama Whewell, alimjibu mwaka 1854 kwa kitabu kilichotetea malimwengu mengi kwa jina la ukuu wa Mungu uleule. Waumini wawili, Maandiko mamoja, anga moja, na hitimisho mbili zinazopingana: hilo peke yake lingetosha kuonyesha kwamba hitimisho hazikutoka angani.

Suluhisho lilikuja kutoka mahali pasipotazamiwa. William Huggins, tajiri mdogo aliyekuwa na kituo chake cha falaki nyumbani Tulse Hill, London, aliunganisha darubini na chombo cha kuchambua nuru, ambacho huitandaza nuru katika rangi zake kama upinde wa mvua. Nuru ya nyota ikitandazwa hutoa mkanda mfululizo wa rangi wenye mistari myeusi, ilhali gesi ing'aayo peke yake hutoa mistari michache yenye mwanga na giza katikati. Tarehe 29 Agosti 1864 Huggins alielekeza chombo hicho kwenye nebula ndogo ya mviringo iliyo upande wa kaskazini wa anga, akaona mstari wa kijani unaong'aa, na muda mfupi baadaye mingine miwili hafifu. Ilikuwa gesi. Jabari nayo ikawa gesi, lakini Andromeda na nyingine nyingi zikatoa mkanda mfululizo. Swali lililokuwa limegawa watu kwa miaka 70, yaani kama nebula zote ni gesi au zote ni nyota, likadhihirika kuwa limeulizwa vibaya. Ule mstari wa kijani ulidhaniwa kuwa wa elementi isiyojulikana duniani, ikapewa hata jina, hadi Ira Bowen wa Marekani alipoonyesha mwaka 1927 kwamba ni oksijeni ya kawaida iliyopoteza elektroni mbili katika gesi iliyo nyepesi kuliko ombwe lolote la maabara.

Hata baada ya hapo mazoea hayakukoma. Isaac Roberts alipopiga picha ya Andromeda mwaka 1888 na mikono yake ya mzunguko kuonekana waziwazi, wengi walisema kwamba hapo mfumo wa jua na sayari unaonekana ukizaliwa kama Laplace alivyoeleza. Ilibidi kusubiri kazi ya Henrietta Leavitt, aliyegundua katika Wingu Dogo la Magellan kwamba nyota za aina fulani zinazobadilika mwangaza huwa na mwendo wa mabadiliko unaolingana na ung'aavu wao halisi, na hivyo zinaweza kutumiwa kupima umbali. Kisha Edwin Hubble, akitumia darubini ya mlima Wilson, akaikuta nyota ya aina hiyo katika Andromeda mwezi Oktoba 1923. Matokeo yalisomwa mbele ya wanasayansi huko Washington tarehe 1 Januari 1925, Hubble mwenyewe akiwa hayupo. Doa la al-Sufi lilikuwa nje kabisa ya Njia Nyeupe. Umbali alioukadiria ulikuwa karibu miaka ya nuru 900,000. Leo unajulikana kuwa karibu milioni 2.5.

Katika historia hii yote, ni nini hasa kilichotegemewa na wale walioyaita madoa hayo kutoa ushahidi? Wote, wa pande zote mbili, walikubaliana juu ya sharti moja ambalo halikusemwa: kwamba kama kitu kimepatikana kwa njia ya kanuni za maumbile, basi hakikuumbwa, au kimeumbwa kidogo zaidi kuliko kile kilichotokea mara moja kikiwa kamili. Sharti hilo ni geni kwa wanafalsafa wakubwa wa dini, Waislamu na Wakristo. Ibn Sina, aliyefariki mwaka 1037, alitofautisha kilicho cha lazima kuwapo na kile ambacho kuwapo kwake kunawezekana tu, na akasema kwamba kila kilicho cha aina ya pili, kiwe na mwanzo katika wakati au kisiwe nao, kinahitaji sababu ya kuwapo kwake muda wote kinapokuwapo. Thomas wa Akwino, katika kijitabu chake juu ya umilele wa ulimwengu, alishikilia kwamba akili peke yake haiwezi kuthibitisha kwamba ulimwengu ulianza, kwamba hilo lajulikana kwa ufunuo, na kwamba hata ulimwengu usio na mwanzo ungekuwa umeumbwa, kwa maana kuumbwa ni kutegemea. Kwa mtazamo huo wingu la gesi linalojikusanya kuwa nyota kwa muda wa mamilioni ya miaka linamtegemea Muumba sawasawa na nyota iliyokamilika, na swali la kwa nini pawe na gesi, uvutano na kanuni badala ya kutokuwapo kitu halipati jibu wala halipotezi nguvu yake kwa kioo cha ukubwa wowote.

Al-Ghazali, aliyempinga Ibn Sina vikali juu ya umilele wa ulimwengu, alikuwa pamoja naye katika jambo linalohusika hapa. Katika utangulizi wa Tahafut al-Falasifa, kitabu chake cha kuvunja hoja za wanafalsafa, alionya kwamba anayedhani kuwa ni wajibu wa kidini kubishana na hesabu za kupatwa kwa Jua na Mwezi anaidhuru dini, kwa kuwa mwenye kuzijua hesabu hizo hatazitilia shaka, ila ataitilia shaka dini. Na akaongeza kwamba likishathibiti kuwa ulimwengu ni kitendo cha Mungu, idadi ya tabaka za mbingu na umbo lake havina uzito katika suala hilo zaidi ya idadi ya maganda ya kitunguu au ya punje za komamanga. Ni vigumu kupata maneno ya karne ya 11 yanayofaa zaidi kwa mabishano ya Robinson na Nichol.

Onyo hilo halijapitwa na wakati, wala halihusu Wakristo wa Uingereza peke yao. Sura ya Fussilat inataja mbingu ikiwa moshi, na tangu mwanzo wa karne ya 20, katika tafsiri kama ile kubwa ya Tantawi Jawhari wa Misri iliyojaa habari za sayansi, na baadaye katika vijitabu vingi vinavyosomwa hata Afrika Mashariki, aya kama hizo zimelinganishwa na nadharia za wanafalaki ili kuonyesha kwamba Qurani ilitangulia ugunduzi. Msomaji mwenye imani anaweza kufurahi, lakini ulinganisho huo unaifunga aya kwenye nadharia ya mwaka fulani, na nadharia ya mwaka fulani ina desturi ya kurekebishwa. Upande wa Wakatoliki jambo hilohilo lilionekana kwa uwazi tarehe 22 Novemba 1951, Papa Pius XII alipowaambia wanachama wa Chuo cha Kipapa cha Sayansi kwamba elimu ya kisasa ya ulimwengu imeshuhudia tendo la kwanza la uumbaji. Georges Lemaître, padri wa Ubelgiji ambaye ndiye aliyeiasisi nadharia ya ulimwengu ulioanza kutoka hali iliyosongamana mno, hakuipenda kauli hiyo, kwani alishikilia kwamba nadharia yake iko nje ya swali lolote la kidini na inamwachia asiyeamini uhuru wake na anayeamini imani yake. Mwezi Septemba 1952, Papa alipowahutubia wanafalaki wa dunia waliokutana Roma, hakulirudia dai hilo. Katika mkutano huohuo Walter Baade alitangaza kwamba umbali wa galaksi ulikuwa umekadiriwa kwa karibu nusu tu ya ulivyo, na kwa hiyo umri wa ulimwengu uliokokotolewa kwa umbali huo ulipaswa kuongezwa mara mbili. Tarakimu za mwaka uliotangulia zikawa zimezeeka kabla ya mwaka kwisha.

Liko pingamizi la haki. Zaburi na Qurani zote humwita binadamu atazame mbingu na kupata mazingatio, na ikiwa nebula haithibitishi lolote, itaonekana kwamba mwito huo umeachwa bila maana. Lakini kuzingatia si kutoa uthibitisho. Mwenye kuzingatia anakitazama kitu kilichopo, kama kilivyo, na kukipokea kama tendo la Mungu anayemwamini kwa sababu nyingine. Ajuapo kwamba nebula ya Jabari iko miaka ya nuru 1,300 na zaidi, kwamba nyota zinazaliwa humo sasa, na kwamba oksijeni inayong'aa humo ni ileile anayoivuta, mazingatio yake yanaongezeka, na kesho tarakimu zikirekebishwa hayapungui. Mwenye kuthibitisha, kinyume chake, anakihitaji kitu kiwe hivi na kisiwe vile, na hapo ndipo anapoanza kukilazimisha. Kant yuko katikati ya hawa wawili, naye ndiye kesi ngumu, kwa maana imani yake juu ya Mungu asiye na mpaka ilimpa dhana iliyokuja kuthibitika. Ila hata yeye hakusema kwamba zisipopatikana galaksi nyingine Mungu atakuwa hayupo. Alipata kutoka kwa imani ujasiri wa kuuliza, akaliacha umbo la yai la nebula lijibu.

Tangu Julai 2022 darubini ya James Webb, inayotazama kwa mionzi ya joto inayopenya vumbi, imekuwa ikileta picha za nebula na galaksi zenye uwazi ambao Rosse hakuweza kuuota, nazo zinaonekana katika simu za watu wa kila dini na wasio na dini. Mhubiri, sheikh au mwalimu anayetaka kuzionyesha kwa wasikilizaji wake afanye hivyo bila woga, lakini kabla ya kusema kwamba zinathibitisha au kukanusha jambo lolote juu ya Mungu, ajiulize kitu gani katika hoja yake kitabaki ikiwa mwaka ujao wanafalaki watasema kwamba kile kinachoonekana katika picha ni kitu kingine. Jibu likiwa kwamba hakitabaki kitu, hoja hiyo asiitoe.